Portela au Mangueira: uende shule gani ya samba Rio?

Shule za samba ni vikundi vya ngoma na dansi vinavyoshindana kwenye kanivali ya Rio, Brazil. Kwa umri na vikombe, Portela iko mbele. Ilianzishwa 1923 katika mtaa wa Oswaldo Cruz, nembo yake ni tai, rangi ni buluu na nyeupe, na hakuna shule yenye mataji mengi kuizidi: 22. Mangueira, ya kijani na waridi, ilizaliwa 1928 kwenye mlima wa Mangueira, mtunzi wa samba Cartola akiwa mmoja wa waasisi.

Kwa ngoma, naipenda zaidi Mangueira. Ngoma yake kubwa hupiga pigo moja tu bila kujibiwa na ngoma ya pili, kama ilivyo kwa shule nyingine. Ukiisikia unaitambua hapohapo.

Kazi ya jamii ndiyo inayonigusa. Tangu 1987 Mangueira ina mradi wa michezo kwa watoto wa eneo lake, pamoja na shule ya samba ya watoto iliyoanzishwa na mwimbaji Alcione. Portela nguvu yake ni wazee: watunzi wakongwe wanaoheshimiwa sana, na karamu za maharage zinazokusanya familia.

Usafiri? Mangueira iko karibu na uwanja wa mpira wa Maracanã. Portela ni mwendo wa treni hadi mtaa wa Madureira. Mwenye watoto aanzie Mangueira. Anayetafuta nyimbo za kale apande treni.