TAHADHARI: Anawauzia vijana "gemu za ziada" za kuingilia seva, Mtwara na Lindi

Ndugu zangu wa Mtwara, Lindi, Masasi, Newala na Nachingwea, hasa wazazi na walezi wenye vijana wanaocheza gemu za kompyuta, naomba mnisikilize. Kuna mtu anaingia kwenye magrupu ya WhatsApp ya vijana anajiita muuzaji wa gemu. Anawaambia kwamba ukitaka kuingia kwenye seva (kompyuta za mtandaoni ambako wengi huchezea pamoja) za gemu ya Garry's Mod ucheze na wenzako, ni lazima ununue gemu nyingine tano. Ni uongo. Anachokuuzia ni akaunti ya Steam (duka la gemu la mtandaoni) ambayo baada ya siku chache anaichukua mwenyewe, na kabla hajapotea anakuwa ameshachukua na akaunti yako halali.

Mdogo wangu alilizwa hivyo mwishoni mwa msimu wa korosho wa 2023. Wakati ule nilinyamaza kwa aibu, nikasema hela imeshakwenda, yaishe. Nilikosea kunyamaza. Wiki hii amekuja kijana wa Chuno hapa steshenari kwangu na simu mkononi, ananionyesha meseji aliyotumiwa, na ni yale yale maneno ya mwaka ule, neno kwa neno: "Mdogo wangu, hizo ERROR unazoona ni kwa sababu gemu yako haijakamilika." Niliposoma mwili ulinisisimka. Yule kijana alikuwa anataka nimsaidie kutuma hela.

Niwaeleze ilivyokuwa. Mdogo wangu alikuwa amemaliza kidato cha nne, anasubiri matokeo. Alikwenda kwa babu Tandahimba kuokota korosho, akarudi na hela yake ya kibarua. Binamu yetu wa Dar alikuwa amemnunulia Garry's Mod kama zawadi ndani ya Steam, dola 9.99, wakati ule kama 25,000 hivi za kwetu. Kwa wasioijua, hii ni gemu isiyo na hadithi wala mshindi. Unapewa uwanja na vitu, unajenga unachotaka: gari, daraja, mtego, nyumba. Utamu wake ni kujenga na wenzako, na wenzako wako kwenye seva.

Akaingia seva ya kwanza. Nilikuwa nimekaa naye, naikumbuka ile skrini. Pale palipotakiwa kuwa na gari palikuwa na neno ERROR limesimama hewani, jekundu, kubwa kama mtu. Ukuta mzima wa jengo ulikuwa vigae vya zambarau na vyeusi. Wenzake walikuwa wanaendesha magari, yeye anaona maandishi mekundu yanakimbia barabarani. Akauliza kwenye grupu kama kuna anayejua tatizo ni nini. Hazikupita dakika kumi, huyo mtu akamfuata inboksi.

Alikuwa na lugha nzuri, hilo lazima niseme. Hakuharakisha. Alimuuliza laptopu yake ina memori kiasi gani, akamwambia iko vizuri. Kisha akamtajia gemu tano anazopaswa kuwa nazo, akasema akizinunua moja moja Steam hatazimudu, ila yeye ana akaunti yenye zote tano, 45,000, na ofa inaisha saa sita usiku. Mdogo wangu akatuma. Jina lililotokea kwenye simu kabla ya kuweka namba ya siri lilikuwa la mama fulani, siyo jina la huyo kaka. Alipouliza, akajibiwa: "Hiyo ni namba ya wakala wangu, wewe tuma tu."

Akaunti ilikuja kweli na gemu tano zilikuwamo. Ndiyo maana mtoto aliamini. Kesho yake huyo mtu akasema sasa inabidi waunganishe ile akaunti na ya mdogo wangu ili zile gemu zifanye kazi ndani ya Garry's Mod, na kuunganisha ni 15,000 nyingine. Akatuma linki. Ukurasa uliofunguka ulifanana na Steam kwa kila kitu, rangi mpaka nembo. Mdogo wangu akaandika jina la akaunti na nywila. Zikaja namba za uthibitisho kwenye barua pepe, herufi na tarakimu, jumla tano, akaombwa azitume. Akatuma. Zikaja nyingine, akaombwa tena, akatuma.

Ile barua ya pili ninayo mpaka leo. Imeandikwa wazi kwa Kiingereza kwamba kuna mtu anaomba kubadilisha barua pepe ya akaunti, na kama siyo wewe usimpe mtu yeyote namba hizi. Hakuisoma. Alitafuta zile herufi na tarakimu tano tu, akazinakili.

Siku ya tisa nywila ya akaunti aliyouziwa ikakataa. Ya kwake ilikuwa imekataa tangu siku ya pili, ila alidhani ndiyo kule "kuunganishwa". Alipopiga simu, namba haipatikani. WhatsApp, kabloku. Tulipowapigia huduma kwa wateja wa mtandao wa simu, hela ilikuwa imeshatolewa. Shilingi 60,000, hela ya kuinama chini ya mikorosho tangu alfajiri.

Tuliandika kwa Steam tukitumia barua pepe ya awali, wakairudisha akaunti yake. Lakini huko ilikokuwa, mtu aliitumia kudanganya kwenye seva, ikapigwa marufuku ya VAC, mfumo wa Steam wa kukamata wadanganyifu. Marufuku hiyo haiondolewi, hata kama akaunti ilikuwa imeibwa. Kwa hiyo gemu anayo, lakini seva zinazolindwa na VAC hawezi kuingia. Kwake hilo ndilo lililouma kuliko hela.

Sasa hapa ndipo nataka muelewe biashara yenyewe. Masharti ya Steam yanakataza kuuza akaunti. Na aliyeifungua tangu mwanzo anaweza kuidai wakati wowote kwa kuonyesha ushahidi wa manunuzi. Maana yake huyu mtu hauzi kitu, anakukodisha bila kukuambia, halafu anairudisha kwake na kumuuzia mwingine. Akaunti moja inaweza kulisha uongo wake mwaka mzima. Ndiyo maana hata muuzaji mwingine mwenye sura ya uaminifu, anayekuuzia akaunti badala ya gemu kuingia kwenye akaunti yako mwenyewe, usimpe hela.

Na gemu tano zenyewe? Mojawapo ilikuwa Team Fortress 2. Hiyo ni bure kwa kila mtu ndani ya Steam tangu mwaka 2011. Aliiweka kwenye bei.

Uongo wake una mzizi mahali, lazima niseme ukweli wote. Garry's Mod ilianza 2004 kama nyongeza ya gemu ya Half-Life 2, ikaanza kuuzwa Steam mwaka 2006, na kwa miaka mingi ilikuwa lazima uwe na gemu nyingine ya Valve, kampuni yenye Steam, ndipo ifunguke. Ukisoma maelezo ya zamani utakuta hivyo. Sharti hilo liliondolewa zamani. Vitu vya Half-Life 2 vinakuja ndani yake ukiinunua, na unaingia seva bila kuongeza hata senti. Baadhi ya wenye seva walijenga kwa kutumia vitu vya gemu nyingine, Counter-Strike: Source (kwa kifupi CSS), na ukiingia huko bila kuwa navyo ndipo zile ERROR na vigae vya zambarau vinapotokea. Hufukuzwi. Unacheza, ila inaudhi.

Lakini kwa mdogo wangu hata hilo halikuwa tatizo kubwa. Miezi kadhaa baadaye alikuja mwanachuo mmoja kuprinti ripoti yake ya fildi, akasikia habari ile, akamuuliza swali moja tu: "Kwenye mipangilio uligusa nini?" Mdogo wangu akasema alizima upakuaji wa vitu vya seva ili kuokoa bando. Yule kaka akaingia kwa akaunti yake mwenyewe kwenye laptopu ile ile, akaruhusu upakuaji, akafungua ile ile seva. Ikapakua kwa muda, tukasubiri. Ikafunguka, na magari yalikuwa magari. Kwenye kona moja kulibaki vigae vichache, basi. Mdogo wangu aliinuka akatoka nje.

Ni kibonyezo kimoja kwenye mipangilio, na sisi tulikilipia 60,000.

Kwa hiyo kijana wangu unayesoma hapa, ukiona ERROR, kabla hujamuuliza mtu, fungua mipangilio, sehemu ya kucheza na wengine, uangalie kama umeruhusu seva kukuletea vitu vyake. Wenye seva wengi wanaviweka kwenye Workshop ya Steam (ghala la vitu vilivyotengenezwa na wachezaji) na vinashuka vyenyewe unapoingia. Bando litaliwa, hilo ni kweli, na seva nyingine zina mzigo mkubwa, kwa hiyo chagua seva mbili tatu uzizoee badala ya kuruka kila siku mpya. Usiku ukiwa na bando la usiku ndiyo wakati wa kuingia seva mpya kwa mara ya kwanza.

Kuchagua nako kuna akili yake. Kwenye orodha ya seva, ingia kundi la Sandbox, yaani la kujenga kwa uhuru, uangalie jina la uwanja. gm_construct na gm_flatgrass vinakuja na gemu yenyewe, hapo huna haja ya kuwa na uwanja mwingine wowote. Jina likianza na cs_ au de_, uwanja huo asili yake ni Counter-Strike. Zile za rp_ (za kuigiza maisha) na ttt_ (za kumsaka msaliti) zimetengenezwa na watu mbalimbali, nyingine ziko sawa, nyingine zinategemea vitu vya gemu nyingine, ingia utembee dakika mbili uone kwa macho yako. Wapo wenye seva wanaoandika kabisa kwenye jina kwamba CSS haihitajiki. Panga orodha kwa ping, yaani muda wa mawasiliano kwenda na kurudi kwenye seva, ndogo ianze juu, maana seva nyingi ziko Ulaya na Marekani na kwa mtandao wetu wa huku utakwama kwama. Na pale chini kulia kwenye ukurasa wa mwanzo kuna alama ya kidhibiti cha gemu, ukiibonyeza unaona gemu ambazo Garry's Mod inaweza kuazima vitu vyake, na zipi unazo. Team Fortress 2 ukiisha kuipakua bure unaiwekea tiki hapo hapo. Hiyo ndiyo "kuunganisha" aliyotozwa mdogo wangu 15,000.

Kama huna laptopu wala dola, usikubali kuambiwa kwamba huna pa kucheza. Ipo Luanti, iliyokuwa ikiitwa Minetest mpaka mwaka 2024. Ni ya bure kabisa, iko kwenye kompyuta na kwenye simu za Android, ni ya kujenga kwa matofali. Ukifungua sehemu ya kujiunga unakuta orodha ya seva, unaona wangapi wako ndani na ping yake, unachagua jina na nywila, unaingia. Seva inakuletea kila kitu, hakuna gemu ya pili ya kununua. Ninyi mnaokuja hapa jioni mnanijua, wengi nimewaanzishia hiyo. Ila muwe makini na programu za kuiga zilizojaa matangazo, na nywila ya humo isiwe ile ya barua pepe yako.

Simwandiki jina wala namba huyu mtu, kwa sababu anabadilisha vyote, na yule mama ambaye laini imesajiliwa kwa jina lake huenda hata hajui. Mtambueni kwa mwenendo: anakuja inboksi wewe hujamwita, anauza akaunti, jina la muamala siyo lake, kuna malipo ya pili baada ya ya kwanza, na mwisho anaomba namba za uthibitisho. Hilo la mwisho ndilo kubwa. Hakuna muuzaji wa kweli anayehitaji zile namba.

Ukishapigwa, piga simu huduma kwa wateja wa mtandao wako dakika ile ile, hela ikiwa bado haijatolewa kuna nafasi ya kuizuia. Namba yake iripoti kwa kutuma neno UTAPELI kwenda 15040, ni bure, utajibiwa uandike namba iliyokutapeli. Usifute mazungumzo hata kama yanakuumiza kuyaona, piga picha za skrini, hifadhi meseji ya muamala, nenda polisi uchukue RB. Kuna Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, jambo hili ni kosa, siyo michezo ya watoto. Na wazazi, piga *106# muone ni laini gani zimesajiliwa kwa jina lenu, isije ikawa ninyi ndio "wakala" wa mtu msiyemjua.

Yule kijana wa Chuno hakutuma. Meseji yake nimeipiga picha na ninayo pamoja na zile za mwaka ule. Kama nawe umetumiwa maneno hayo, au mtoto wako amelizwa, njoo na simu yako steshenari, nipo mpaka saa mbili usiku. Nataka tukienda polisi twende watu wengi, kila mmoja na muamala wake mkononi.