Anwani ya Marekani kwa mnunuzi wa Dar es Salaam: tathmini ya wakala mmoja wa mizigo Kariakoo

Wakala ninayemtathmini hapa ana ofisi ghorofani, Kariakoo, na kazi yake ni kuwapa wakazi wa Dar es Salaam anwani ya ghala nchini Marekani ili waweze kununua mtandaoni katika maduka yasiyotuma mizigo Tanzania. Mteja hujisajili, hupewa namba yake, kisha huchagua mojawapo ya maghala mawili: la Delaware au la Houston, Texas. Simtaji jina, kwa kuwa nina malalamiko naye, na pia kwa kuwa wenzake wengi wanaendesha biashara kwa mtindo huohuo.

Wahudumu wa mapokezi humshauri kila mteja atumie Houston, kwa hoja kwamba mizigo ya huko huondoka mara nyingi zaidi. Hoja hiyo inaweza kuwa ya kweli, ila hawasemi inamgharimu mteja kiasi gani. Nilipoweka lenzi ya kamera ya dola 600 kwenye kikapu cha duka la New York na kujaza anwani ya Houston, chini ya bei ulitokea mstari wa kodi ya mauzo wa dola 49.50, yaani asilimia 8.25: asilimia 6.25 ni ya jimbo la Texas na 2 zilizobaki ni za jiji na mamlaka ya usafiri ya eneo hilo. Nilipofuta anwani hiyo na kuweka ya Delaware, mstari uleule ulisomeka sifuri, kwa sababu Delaware, kama Oregon, Montana na New Hampshire, haina kodi ya mauzo ya jimbo. Duka halikubadilika, wala bei ya lenzi.

Kipeperushi chao, kilichobandikwa ukutani karibu na mizani, bado kinamshauri mteja wa Houston anunue katika duka lisilo na tawi Texas ili asitozwe kodi. Ushauri huo ulikuwa na mantiki wakati kesi ya Quill ya mwaka 1992 ilipokuwa ikitumika, kwani Mahakama Kuu ya Marekani ilikuwa imeamua kwamba jimbo haliwezi kumlazimisha muuzaji akusanye kodi yake ikiwa hana ofisi, ghala wala wafanyakazi ndani ya jimbo hilo. Tarehe 21 Juni 2018, katika shauri la South Dakota dhidi ya Wayfair, mahakama hiyohiyo ilitengua msimamo huo kwa kura 5 dhidi ya 4, katika hukumu iliyoandikwa na Jaji Anthony Kennedy. Sheria ya South Dakota iliyokuwa ikibishaniwa ilimgusa muuzaji wa nje ambaye mauzo yake jimboni yalizidi dola 100,000 kwa mwaka au yalifikia miamala 200, na majimbo mengine yakaweka viwango vyao. Cha Texas ni dola 500,000. Muuzaji mdogo aliye chini ya kiwango anaweza kutokutoza, lakini akiuza kupitia Amazon au eBay, jukwaa lenyewe ndilo linalokusanya. Kwa hiyo kinachoamua siku hizi ni mahali mzigo unapopokelewa, na wakala anayeuza huduma ya anwani alipaswa kulijua hilo kuliko wateja wake.

Lawama yangu kubwa zaidi iko upande wa huku nyumbani. Katika makadirio waliyonipa, mbele ya neno “kodi” waliandika sifuri, jambo ambalo ni sahihi kwa Delaware peke yake. Lenzi ikifika Dar es Salaam inadaiwa VAT ya asilimia 18, ambayo kwa dola 600 ni dola 108 hata kabla ya kuongeza ushuru wa forodha ikiwa upo, na hizo tayari ni zaidi ya mara mbili ya kodi niliyoiepuka Houston. Niliposhuka kuchukua mzigo nilikuta jumla moja iliyoandikwa “gharama za kutoa mzigo”, bila hati ya makadirio ya TRA, hivyo sikuweza kutenganisha fedha ya serikali na faida ya wakala. Nilipoiomba hati hiyo, nilijibiwa kwamba mizigo ya wateja wengi hutolewa kwa pamoja. Jibu hilo halimsaidii mfanyabiashara anayetakiwa kuonyesha vielelezo vya VAT aliyolipa bidhaa zilipoingia nchini.

Kwa mengine sina neno. Boksi lilifika bila kubonyea, uzito waliouandika ulilingana na ule niliouona kwenye mizani mbele yangu, na ujumbe wa simu ulinifikia kila mzigo ulipohama hatua. Nitaendelea kutumia ghala lao la Delaware kwa vitu vyangu binafsi. Vya duka nitavipitisha kwa wakala wa forodha anayenipa hati kwa jina langu, ingawa anatoza zaidi.