Kamusi ya wasifu ya Bunge la Marekani: inafaa kwa anayesoma historia ya Unguja?

Mkataba wa biashara kati ya Marekani na Sayyid Said, mtawala wa Oman na Unguja, aliutia saini Edmund Roberts, Muscat, tarehe 21 Septemba 1833. Roberts alikuwa mfanyabiashara wa Portsmouth, New Hampshire, hana cheo. Mwenye cheo aliyemfungulia njia alikuwa Levi Woodbury, mwanasiasa wa jimbo lake, na kwa huyu ndipo kamusi ya bioguide.congress.gov inapopimwa vizuri.

Huduma ni ya bure na haidai kujisajili. Andika jina la ukoo peke yake, kisha chagua jimbo. Kila mtu ana namba yake: herufi ya kwanza ya jina la ukoo na tarakimu sita. Inakili namba hiyo mara moja, maana majina hufanana sana, baba na mwana hasa.

Wasifu umeandikwa kwa Kiingereza, sentensi moja ndefu iliyokatwakatwa kwa nukta-mkato. Usiusome kama hadithi. Kila penye nukta-mkato anza mstari mpya, na ngazi za maisha yake zitajipanga zenyewe: kuzaliwa Francestown 1789, kumaliza chuo cha Dartmouth 1809, uwakili 1812, karani wa Seneti ya jimbo 1816, jaji wa jimbo 1817 kabla hajatimiza miaka 28, gavana 1823 hadi 1824, Spika wa baraza la jimbo 1825. Kwa tarehe za vyeo, ni vigumu kupata pahala pepesi zaidi ya hapa.

Wanafunzi wetu hukwama kwenye vyeo. Wasifu unasema Woodbury aliingia House of Representatives mwaka 1825, na mtu hukimbilia kuandika kwamba alikuwa Mbunge. Sivyo. Hilo lilikuwa baraza la jimbo. Mzanzibari ana bahati hapa, kwani tofauti anayo nyumbani: anayekaa Baraza la Wawakilishi ni Mwakilishi, anayekwenda Dodoma ni Mbunge. Woodbury mwaka ule alikuwa Mwakilishi, tena Spika. Mwaka huohuo akapelekwa Seneti ya Washington, na waliompeleka si wapiga kura. Mpaka 1913, maseneta walichaguliwa na mabaraza ya majimbo. Bila kulijua hilo, safari yake ya 1825 haieleweki, na kamusi haikuelezi.

Mtego wa pili ni neno Secretary. Woodbury alikuwa Waziri wa Jeshi la Majini 1831 hadi 1834, kisha Waziri wa Fedha hadi 1841. Ukiandika Katibu umemshusha.

Upungufu mkubwa kwetu ni kwamba Zanzibar haimo katika wasifu wake. Roberts alikutana na Sayyid Said Unguja mwaka 1828, akamwandikia Woodbury kuhusu biashara ya huku. Woodbury alipokabidhiwa jeshi la majini, Roberts akapata safari katika manowari Peacock mwaka 1832, akaandikwa karani wa nahodha ili kazi yake isijulikane. Matunda yake ni mkataba: ushuru wa asilimia 5 kwa shehena inayoshushwa, ruhusa ya kuweka konseli (balozi mdogo), na uhuru wa kuuza kwa yeyote, isipokuwa bunduki, baruti na risasi, ambazo Unguja ziliuzwa kwa serikali tu. Mwaka 1837 konseli wa kwanza, Richard Waters wa Salem, akafika. Kitambaa cha merikani kilipewa jina na biashara hii.

Roberts na Waters usiwatafute humo, hawamo. Kamusi inawaandika waliofika Bunge la taifa tu, na mjumbe aliyeishia baraza la jimbo lake hana ukurasa. Anayetaka wajumbe wa namna hiyo aende kwenye kumbukumbu za jimbo lenyewe.

Nyota nne kati ya tano kwa usahihi na wepesi, mbili kwa anayetaka kujua mtu alifanya nini na kwa nini. Usiishie kwenye wasifu. Fungua pia sehemu ya makusanyo ya nyaraka, ambayo wengi huiruka. Hiyo ndiyo inayokwambia karatasi za mtu zimehifadhiwa wapi. Za ukoo wa Woodbury zimo Maktaba ya Bunge, Washington, na barua ya kuomba nakala ianzie huko.