Programu ya maana za majina: nyota tatu

Niliipakua kumtafutia mtoto jina, nikajikuta nakesha kwenye majina ya ukoo. Smith wa Kiingereza, Schmidt wa Kijerumani, Kovács wa Kihungari, Haddad wa Kiarabu: kumbe wote wahunzi! Inaonyesha pia jinsi Yohanan la Kiebrania, yaani Mungu ana neema, lilivyozaa John, Juan, Giovanni na Ivan. Hapo wamenikuna.

Kinachoudhi ni kila jina kubandikwa tabia na rangi ya bahati. Eti Petro, kwa kuwa asili yake ni neno la Kigiriki la jiwe, ni mkaidi. Baba yangu ni Petro. Hata paka humwondoa kitini. Nyota mbili nimezikata hapo. Mtoto bado hana jina.