Mafunzo ya kazi ya kikundi kwa atelye (karakana) ndogo: nendeni wote, na habari ya malipo muiulize mapema

Niseme mapema: mafunzo haya yana thamani ya pesa yake, ila kwa timu inayokwenda nzima. Patroni, mwenye atelye, akienda peke yake, au akituma mtu mmoja arudi na karatasi, afadhali hizo dola anunue uzi.

Ni ya siku mbili, Ijumaa na Jumamosi, katika sala (ukumbi) moja ya parokia huku Katuba, Lubumbashi. Bei ni dola 15 kwa mtu, pamoja na chakula cha mchana. Sharti lao moja nimelipenda: hawapokei watu chini ya wanne kutoka sehemu moja. Tulikuwa sisi washonaji kutoka Kenya, komine ya hapa hapa mjini, vijana wa gareji, waoka mikate na akina mama wa saluni. Anayefundisha ni mama mtu mzima aliyesimamia wauguzi miaka mingi, na kijana mmoja wa kumsaidia.

Kilichotupeleka ni tarehe 8 Machi, siku ya wanawake. Kila fundi wa mji huu anajua Februari ilivyo: kila ofisi, kila kwaya, kila kikundi cha akina mama kinataka kikwembe (kitenge) chao kishonwe modeli moja kwa watu thelathini wenye miili thelathini, na wote wanakitaka siku moja. Sisi tuko saba: mkataji, mafundi wanne wa mashini, mwanagenzi, na mimi ninayeshika vifungo, pindo za mkono, pasi na daftari la oda. Kila nguo inaishia mezani kwangu, kwa hiyo mimi ndiye ninayepokea blauzi yenye mkono mmoja mfupi. Mshonaji anasema ilikatwa hivyo. Mkataji anasema kipimo kiliandikwa hivyo. Aliyepima anasema mteja amenenepa. Wote ni watu wazuri, bukari (ugali) tunakula pamoja kila mchana, na blauzi bado ina mkono mfupi.

Asubuhi ya kwanza hatukukaa sana kwenye viti. Tulitolewa uani, kwenye mwembe uliofungwa mizani ya kuning'inia, ile ya kupimia magunia, na kamba nene kwenye ndoano yake. Unavuta peke yako, kijana anaandika kilo kwa chaki ukutani. Halafu mnavuta wawili, halafu wanne. Fundi mmoja wa gareji alivuta peke yake mpaka tawi likalia, tukapiga makofi. Akaja kuvuta na wenzake watatu, na hesabu ya ukutani ikawa pungufu mbali na jumla ya kila mmoja wao. Kelele zikaanza. Wa gareji wakasema mwoka mikate aliyechanganywa nao alikuwa anashika kamba tu.

Mwalimu aliwaacha wagombane kwanza, kisha akaeleza. Max Ringelmann, Mfaransa mtaalamu wa mitambo ya kilimo, aliwapima watu kwa kamba namna hiyo hiyo, na matokeo yake yalichapishwa 1913: wakivuta wanane, kila mmoja alitoa karibu nusu tu ya nguvu aliyotoa akiwa peke yake. Sehemu ya nguvu hupotea kwa kutovuta wakati mmoja. Akamweka mtu wa kuita, tukavuta kwa sauti yake, na mshale wa mizani ukashuka zaidi, tuliona kwa macho. Sehemu nyingine hupotea moyoni. Mwaka 1974 huko Marekani, Alan Ingham na wenzake walimfunga mtu kitambaa machoni wakamfanya aamini kwamba walio nyuma yake wanavuta naye. Hawakuvuta hata kidogo, lakini yeye alilegeza. Baada ya hapo hakuna aliyemtaja tena mwoka mikate.

Zoezi lililonigusa zaidi lilikuwa la mchana. Mwalimu alionyesha kadi ya mistari, akauliza upi unalingana na ule wa pembeni. Jibu liko wazi hata kwa mtoto. Lakini alikuwa amepatana kwa siri na akina mama wa saluni na mkataji wetu watoe jibu baya, na mwanagenzi wetu aliketishwa mwisho. Nilimtazama: alitazama kadi, akamtazama mkataji, akatazama tena kadi, akataja mstari mbaya. Solomon Asch alifanya hivyo Marekani katika miaka ya 1950, na karibu theluthi moja ya majibu yalifuata kundi lililokosea. Akitokea hata mtu mmoja tu wa kusema ukweli, wanaofuata kundi wanapungua sana.

Mwalimu hakuishia hapo. Alimuuliza mwanagenzi wetu kwa upole kama jambo hilo limewahi kumpata kazini. Akasema ndiyo: vikwembe vya kwaya vyenye picha za ndege, aliona migongo inakatwa ndege wakiwa kichwa chini.

"Sasa kwa nini hukuniambia, mdogo wangu?" mkataji akauliza.

"Yaya, ulikuwa unaimba. Nikafikiri unajua."

Mkataji hakukasirika. Aliomba kalamu.

Hapo mwalimu akatuletea habari ya Amy Edmondson, ambaye katika miaka ya 1990 alichunguza timu za wauguzi hospitalini. Mtu angetarajia timu nzuri iwe na makosa machache kwenye vitabu. Yeye alikuta timu zilizosimamiwa vizuri ndizo zilizoandika makosa mengi zaidi, kwa sababu watu wake hawakuogopa kuyasema. Mama huyu aliposimulia hayo ulisikia kwamba anajua wodi za usiku, na anajua gharama ya muuguzi kunyamaza kuhusu dawa.

Kutokana na hapo sisi wenyewe, kwenye meza yetu, tulipata wazo la uzi mwekundu. Ukishuku kipande chochote, unafunga uzi mwekundu kwenye pindo na kukiweka kwenye kikapu. Haulizwi mtu ni nani aliyefunga. Mkataji anakipitia kikapu saa nne asubuhi na saa tisa mchana. Tunaendelea nao mpaka leo, na mwanagenzi ndiye anayefunga kuliko wote.

Jumamosi asubuhi ndiyo ningeifuta kabisa. Tulipewa karatasi za maswali za kujua wewe ni mtu wa rangi gani: nyekundu anaongoza, bluu anahesabu, kijani anatuliza, na kadhalika. Zimeandikwa Kifaransa kigumu, nusu ya sala ikawa inanakili kwa jirani. Kufika saa sita vijana wa gareji walikuwa wanaitana kwa rangi, na mmoja wao, mpole, ameshaambiwa na wenzake kwamba yeye si mtu wa kuongoza. Karatasi haina haki ya kumwambia kijana wa miaka ishirini jambo kama hilo.

Ngazi za mwanasaikolojia Bruce Tuckman za mwaka 1965 zilikuwa bora kidogo: kikundi kinakutana, kinagombana, kinawekeana taratibu, kisha kinafanya kazi. Mwaka 1977, pamoja na Mary Ann Jensen, aliongeza ngazi ya kuagana. Inatuliza kujua kwamba ugomvi ni kitu cha njiani, kwamba hakuna aliyewaroga. Ila Tuckman alizipata ngazi hizo kwa kusoma tafiti za vikundi, na vingi vilikuwa vya matibabu ya nafsi na vya mafunzo, watu walioanza pamoja. Atelye haianzi pamoja. Mwanagenzi akipata mashini yake anaondoka, mwingine anaingia katikati ya oda. Niliuliza inakuwaje hapo, nikapata jibu fupi mno. Muda haukuwa umekosekana: mfano wa Mazembe, timu yetu ya mpira hapa Lubumbashi, peke yake ulikula karibu saa nzima. Sote hapa tunajua kwamba mwaka 2010 waliifunga Internacional ya Brazili 2-0 wakaingia fainali ya kombe la dunia la vilabu, timu ya kwanza ya Afrika kufika pale. Dakika tano zingetosha.

Lalamiko langu kubwa ni habari ya pesa. Kamba inafundisha juu ya mtu anayejificha kati ya wengi. Lakini sisi, kama atelye nyingi za hapa, tunalipwa kwa nguo, kila mmoja anahesabiwa yake. Hakuna pa kujificha, na watafiti waliofuata wameonyesha hilo hilo: kazi ya kila mmoja ikipimwa peke yake, ulegevu unaisha. Shida yetu iko upande wa pili. Aliyemaliza blauzi zake haoni sababu ya kumsaidia ambaye mashini yake inakata uzi, kwa sababu kila dakika anayotoa ni franga zake. Kwa hiyo kazi inarundikana kwa mmoja huku mwingine ameketi mlangoni akipiga soga. Fundi wetu wa zipu alilisema jambo hili wazi, tena kwa heshima. Mwalimu akajibu kwamba malipo ni mambo ya patroni na watu wake. Patroni alikuwa ameketi pale pale, pochi mapajani, yuko tayari kusikiliza! Huwezi kufundisha watu kushirikiana ukaruka namna wanavyolipwa.

Tulilizungumza wenyewe baadaye. Patroni alikubali kwamba kwa oda za kikundi, sehemu ya pesa ya ushonaji iwekwe kando, igawanywe sawa siku ya kukabidhi ikiwa nguo zote ziko tayari. Tulijaribu wakati wa sare za shule, bluu na nyeupe. Fundi aliyemaliza sketi zake alivuta kiti mezani kwangu, akachukua sindano, akaanza kushona vifungo bila kuombwa. Sijawahi kuona hivyo. Mkataji bado hajaridhika, anasema akikosea yeye kitambaa chote kimekwenda, hivyo sehemu yake isiwe sawa na ya wengine. Ana hoja, na tunaendelea kuzungumza.

Mengine kwa haraka: chakula ni kizuri, bukari, sombe na kitoyo, na kinatosha. Mwenye mtoto mchanga anapokelewa bila maneno. Mwalimu anafundisha kwa Kiswahili chetu, ni karatasi tu ndizo za Kifaransa. Viti ni vya mbao, bebeni kitu cha kukalia.

Mkijiandikisha, mwambieni mwalimu kabla ya kulipa jinsi mnavyolipwa kwenu, kwa nguo, kwa siku au kwa mwezi, na muombe asubuhi ya Jumamosi itumike kwa hilo badala ya rangi. Akina mama wa saluni nao walikuwa wanataka hivyo. Na msiende Februari.