Propp na dhima zake 31: uzoefu wangu wa kuzitumia kwenye ngano

Kitabu cha Vladimir Propp, mtaalamu wa ngano wa Urusi, kuhusu umbo la ngano kilitoka Leningrad mwaka 1928. Ninachotumia ni tafsiri ya Kiingereza ya 1968, ile ya Chuo Kikuu cha Texas yenye utangulizi wa Alan Dundes. Ni kijitabu, hakifiki kurasa 200, ila hakisomeki mbiombio.

Anza na jina lake. Propp alichambua ngano za miujiza tu, 100 kutoka mkusanyo wa ngano za Kirusi wa Afanasyev, na baadaye alilalamika kwamba mhariri aliliondoa neno la miujiza kwenye jalada. Ndiyo maana wengi huchukua hadithi ya Sungura na Fisi, wakaipachika dhima 31 (matendo ya msingi yanayoijenga ngano), wakaambulia jedwali lenye mapengo matupu. Kwa Sungura, jozi fupi alizozitoa Dundes mwaka 1964 hufaa zaidi: upungufu na kuondolewa kwake, hila na kudanganyika.

Dhima ni tendo la mhusika likipimwa kwa uzito wake katika mwendo wa hadithi. Mfano ni wa Propp mwenyewe: mfalme anampa kijana tai, tai anambeba hadi nchi nyingine, mzee anampa farasi, mchawi anampa mashua, binti mfalme anampa pete, na vijana wanaotoka ndani yake wanambeba. Watoaji wanne, vyombo vinne, tendo moja.

Kazi yenyewe huenda hivi. Orodhesha matukio, moja kila mstari, bila mapambo. Kisha tafuta dhima ya 8, madhara anayofanya adui, au 8a, upungufu. Zile 7 za mwanzo (mtu kuondoka nyumbani, katazo, katazo kuvunjwa na nyinginezo) ni maandalizi, na mara nyingi hazipo kabisa. Kila madhara mapya au upungufu mpya huanzisha mwendo mpya, yaani mfululizo wa matukio hadi utatuzi wake, kwa hiyo gawa ngano kwa mienendo kabla ya kuandika namba yoyote. Wasiofanya hivyo huikuta ndoa, dhima ya 31, katikati ya ngano, wakadhani mpangilio umevunjika, kumbe ni mwendo wa pili umeanza.

Chukua Sultani Darai, ngano ya Unguja aliyoichapisha Edward Steere mwaka 1870. Maskini anayechakura jaani ananunua paa kwa themuni. Paa anapeleka almasi kwa sultani, anamposea bwana wake binti, anamtangaza kuwa naye ni sultani. Ndoa inafungwa, mwendo wa kwanza umekwisha. Lakini nyumba hakuna: upungufu mwingine. Paa anamuua nyoka wa vichwa saba (dhima ya 16, pambano, na ya 18, ushindi) na kulitwaa jumba lake.

Ugumu uko kwenye safu ya wahusika. Madai ya uongo, dhima ya 24, kwa Propp ni ya shujaa bandia, anayejidai sifa zisizo zake, na hapa anayenufaika nayo ni bwana wa paa. Halafu paa anaugua, bwana anaamuru apewe uji wa mtama, paa anakufa kwa uchungu, na bwana anaamka yuko jaani. Adhabu hiyo ni dhima ya 30. Ukimwandika huyo bwana "shujaa" mwanzo hadi mwisho, namba zitakukatalia. Mimi humwandika shujaa aliyegeuka shujaa bandia. Propp anaruhusu mhusika mmoja kushika zaidi ya moja kati ya nyanja zake 7 za utendaji, kama ya shujaa, ya adui au ya mtoaji. Kwa uamuzi huo mmoja, ngano nzima inaonekana ilivyojengwa, na hapo ndipo ninapokipenda kitabu hiki.

Kinachonisumbua ni ule uji. Ndio unaomchoma msikilizaji, na hauna namba. Claude Lévi-Strauss, mwanaanthropolojia wa Ufaransa, alimlaumu Propp mwaka 1960 kwa kutenga umbo na maudhui, na kwa ngano za pwani lawama hiyo ina uzito. Paukwa, pakawa, nyimbo na vibwagizo vya hadhira navyo havimo. Viandikie safu yake pembeni.

Nampa nyota 4 kati ya 5. Alama zake, herufi za Kigiriki kwa maandalizi na za Kilatini baadaye, huchosha bure, tumia namba. Na ukitaka kuzisoma ngano zenyewe, pitia kwanza jedwali la mwishoni, kwani matoleo mapya ya Afanasyev yamebadilisha namba za ngano na ile aliyoitaja Propp huenda usiikute mahali pake.