Mpishi wa Katubuka, kwa wenye wakwe wa dini mbili

Wengi mnauliza mpishi wa harusi hapa Kigoma mjini. Mimi namjua mama mmoja wa Katubuka, ndiye aliyetupikia Januari hii mdogo wangu alipooa. Sisi ni Wakatoliki wa Kasulu, bibi harusi ni Mwislamu wa Mwamgongo, kule jirani na Gombe ambako watu huenda kwa boti. Shekhe asingefungisha, maana binti wa Kiislamu haolewi na Mkristo. Kanisani nako kunatakiwa kibali cha askofu na ahadi ya kubatiza watoto, na hilo wakwe hawakutaka hata kulisikia. Basi wakaenda bomani.

Huyu mama, kabla ya kutaja bei, aliuliza mambo mawili: nani anachinja, na tarehe ni lini. Kwa Sheria ya Ndoa ya 1971, tangazo la ndoa linatolewa siku 21 kabla ya kufunga, na mwaka huu wa 2026 Jumatano ya Majivu, mwanzo wa mfungo wa Kwaresima, imeangukia 18 Februari, Ramadhani nayo ikaingia siku hizo hizo. "Mkizubaa na tangazo, mimi nitampikia nani?" Likapelekwa kabla ya Krismasi.

Mbuzi walichinjwa na mzee wa msikiti wa mtaani kwake, mbele ya wajomba wawili wa binti walioshuka boti hapo Kibirizi. Baba mtu hakuja. Shangazi alikuja, na hakusalimia wengi; alinyoosha hadi jikoni, akafunua sufuria la pilau.

"Mama, humu hakujapikwa kitimoto?"

"Wifi yangu, sufuria hili halijui hata harufu yake. Bia yenyewe haisogei kwenye moto wangu."

Ni kweli. Baba zetu wadogo na kreti zao walielekezwa nyuma ya nyumba, wakanuna, wakaenda. Shangazi akapakuliwa, akala, akaagiza na ukoko.

Pilau lilikuwa zuri, lakini migebuka ndiyo ya kusimulia: imekaangwa ikakauka nje, ndani bado laini, kisha ikaungwa kwa mawese na nyanya chungu. Wakwe zetu wamekulia ziwani, samaki huwezi kuwadanganya, na sahani zao zilirudi na miiba tu. Mbuzi ndiye alikuwa mgumu, wazee walimsogeza pembeni.

Bei ni elfu tano kwa sahani, mbuzi mnanunua wenyewe. Anataka nusu mapema, risiti hana, anaandika kwenye daftari lake, kwa hiyo na nyie mwe na mtu wa kuandika. Akichelewa msigombe naye mbele ya wageni, ana mdomo. Soda zetu zilikuwa za moto kwa sababu friji lake dogo. Mkiwa wengi agizeni barafu mapema.